Fumbo Ukutani: Kicheko na Michoro ya Mitaani kama Sauti ya Amani Mbele ya Watawala

1. Utangulizi

Mtu atokaye katikati ya jiji la Dar es Salaam kwa Barabara ya Morogoro kwenda Ubungo hana budi kupita Manzese. Mtaa huu ulijengwa na watu wenyewe kabla ya kupimwa. Katika miaka ya 1970 ulikuwa miongoni mwa maeneo ya kwanza nchini kuingizwa katika mpango wa kuboresha makazi uliofadhiliwa na Benki ya Dunia. Kwa muda mrefu ulihesabiwa katika Wilaya ya Kinondoni. Sasa umo katika Wilaya ya Ubungo. Ni mtaa wa mitumba, wa mama ntilie, wa gereji na wa nyumba za kupanga zilizobanana. Ni mtaa wa maandishi pia. Kuta, milango ya maduka, mikokoteni, bajaji na migongo ya daladala, vyote vina neno la kusema.

Maandishi hayo si ya wananchi peke yao. Serikali nayo huandika ukutani. Kila mkazi wa Dar es Salaam aijua alama ya X iliyopakwa kwa rangi nyekundu juu ya nyumba iliyoamriwa kubomolewa. Mwaka 2017 nyumba nyingi kandokando ya barabara hiyohiyo, kuanzia Kimara kuelekea Kibaha, zilibomolewa ili barabara ipanuliwe. Hivyo ukuta wa jiji letu umekuwa mahali ambapo mwenye amri na asiye na amri hukutana kwa rangi. Mmoja huandika hukumu, mwingine hujibu, na mara nyingi hujibu kwa mzaha.

Makala haya yauliza swali moja: sisi tuliokabidhiwa Neno tuyatazame vipi mafumbo hayo, vibonzo hivyo na kicheko hicho kinachowalenga watawala? Je, ni utovu wa adabu ambao mchungaji yampasa kuukemea, au ni njia halali ya kupinga maovu bila kumwaga damu? Jibu tutakalolitetea ni hili: fumbo la ukutani ni lugha ya mtu asiye na mimbari. Mchungaji, kwa kuwa amepewa mimbari, hana ruhusa ya kulidharau fumbo hilo, wala hana ruhusa ya kujificha nyuma yake.

2. Fumbo katika maisha ya watu wetu

Kusema kwa mafumbo si jambo geni lililoletwa na vijana. Khanga imekuwa ikibeba maneno tangu mwanzoni mwa karne ya 20, na mwanamke asiyeweza kumjibu jirani au mume kwa kinywa amemjibu kwa nguo. Anayesomewa fumbo aelewa, lakini hana la kushtaki, kwa maana nguo imenunuliwa dukani na maneno yake hayamtaji mtu. Hapo ndipo ilipo nguvu ya fumbo. Lasema na halisemi.

Desturi hiyo ilihamia katika vyombo vya usafiri. Daladala, ambazo jina lake latokana na “dala”, yaani sarafu ya shilingi tano, ziliruhusiwa rasmi mwaka 1983, na baada ya muda zikawa kama khanga zenye magurudumu. Juu yake ziliandikwa methali, sala, majigambo na vijembe. Mei 2016 mabasi yaendayo haraka yalipoanza kupita Barabara ya Morogoro, daladala nyingi ziliondolewa katika njia hiyo, na maandishi yake yakaondoka nazo. Basi jipya halina fumbo. Lakini mafumbo hayakufa. Yalihamia kwenye bajaji, kwenye kuta na kwenye simu za mkononi.

Zaidi ya maandishi, mtaa umetumia silaha ya majina. Tangu miaka ya 1960 watu wa Afrika Mashariki waliwaita wakubwa wenye magari ya kifahari “Wabenzi”, kana kwamba ni kabila jipya. Nguo za mitumba, ambazo Manzese yasifika kwazo, ziliitwa “kafa Ulaya”, na katika maneno hayo mawili mna uchungu wote wa mtu anayelazimika kuvaa cha marehemu asiyemjua. Ukata wa fedha wakati wa Rais Benjamin Mkapa (1995–2005) uliitwa “ukapa”. Mwaka 2008 waziri mmoja alipoziita “vijisenti” fedha zake zilizokuwa ng’ambo, zaidi ya dola milioni moja za Marekani, neno hilo lilichukuliwa na mitaa siku ileile, na hata leo aliyenacho kingi hutaniwa kuwa ana vijisenti. Hakuna aliyerusha jiwe. Neno la mkubwa lilirudishwa kwake likiwa limegeuzwa.

Wachoraji wa vibonzo wamefanya kazi hiyo kwa kalamu. Wasomaji wa Kiswahili wamelelewa na gazeti la katuni la Sani, na Kingo wa James Gayo, na yule panya mdogo wa Ally Masoud, mwenye kusema kwa sauti ndogo yale ambayo wakubwa katika picha wanayaficha. Godfrey Mwampembwa, ajulikanaye kama Gado, aliyezaliwa Dar es Salaam mwaka 1969, alihamia Nairobi mwaka 1992, na kwa zaidi ya miaka ishirini aliwachora marais wa nchi zetu bila kuwapamba.

Wataalamu wa fasihi huiita sanaa hii tashtiti, yaani dhihaka yenye shabaha ya kufichua uovu. Tofauti yake na tusi ni kwamba tusi lataka kuumiza, na tashtiti yataka watu waone.

3. Ushuhuda wa Maandiko

Mtu akifikiri kwamba Biblia ni ngeni kwa mambo haya, na asome sura ya pili ya Habakuki. Katika aya ya 2 nabii anaamriwa kuiandika njozi juu ya vibao, tena kwa herufi zilizo wazi, ili hata apitaye mbio aweze kuisoma. Agizo hili lamfaa mtu anayeandika kando ya barabara. Katika aya ya 6 mataifa yaliyonyang’anywa yanamwimbia mnyang’anyi kejeli. Nabii atumia hapo maneno matatu ya Kiebrania, mashal, melitsa na hidot, ambayo kwa lugha yetu ni methali, kijembe na kitendawili. Zafuata “ole” tano, na kila moja ni tashtiti: yule aliyekopesha kwa dhuluma atadaiwa na wadeni wake, na yule aliyewalevya wenzake atanyweshwa kikombe chake mwenyewe. Tena katika aya ya 11, nyumba iliyojengwa kwa mapato ya udhalimu inashtakiwa na vifaa vyake: jiwe linalia kutoka ukutani, na boriti inaliitikia.

Yafaa tuangalie vema jambo hili. Wanaodhihaki katika Habakuki si wenye nguvu. Ni wale walioliwa. Hawana jeshi wala mahakama. Wanachobaki nacho ni fumbo, na Mungu analiingiza fumbo lao katika Maandiko Matakatifu.

Mifano mingine ipo. Yothamu, aliyenusurika wakati ndugu zake walipouawa, alisimama juu ya mlima Gerizimu akampinga Abimeleki kwa hadithi ya miti iliyomtawaza mchongoma (Amu. 9). Ezekieli aliamriwa kuchukua tofali na kuchora juu yake mji wa Yerusalemu ukiwa umezingirwa (Eze. 4). Huo ulikuwa mchoro wa hadharani wenye ujumbe wa kisiasa. Yeremia alitembea na nira shingoni (Yer. 27). Bwana wetu mwenyewe aliingia Yerusalemu akiwa amepanda mwana-punda, jambo lililotimiza unabii wa Zekaria, na kwa wakati uleule likaifanya fahari ya farasi wa watawala ionekane kuwa ni upuuzi.

Wala tusisahau kwamba kicheko kilitumika pia upande wa pili. Vazi la zambarau, taji ya miiba na mwanzi mkononi vilikuwa mchezo wa dhihaka wa askari. Dhihaka ile ilimshukia mtu aliyefungwa, asiye na mtetezi. Kwa hiyo Maandiko hayabariki kila kicheko. Yatulazimisha kuuliza: nani anamcheka nani?

4. Mfano wa Nairobi

Jirani zetu wa Kenya wametoa mifano miwili inayofaa kutafakariwa pamoja.

Mapema mwaka 2012 wanaharakati na wasanii, wakiwemo mpiga picha Boniface Mwangi na wenzake, walichora usiku katika kuta za katikati ya Nairobi mwanasiasa mwenye kichwa cha tumbusi, yule ndege alaye mizoga. Michoro hiyo iliwaita wapiga kura kutafakari kabla ya uchaguzi wa mwaka uliofuata. Uchaguzi uliotangulia, wa 2007, ulikuwa umeishia katika mauaji ya watu zaidi ya 1,000, na wasanii hawa walitaka hasira ile ipate njia nyingine. Tarehe 14 Mei 2013, wabunge wapya walipokuwa wakidai mishahara mikubwa kuliko ile iliyopangwa na tume husika, waandamanaji walipeleka nguruwe na damu hadi lango la Bunge. Polisi waliwatawanya kwa mabomu ya machozi.

Ishara ya nguruwe ilieleweka upesi, lakini ina mipaka yake. Katika mtaa kama Manzese, ambako Mkristo na Mwislamu wanaishi ukuta kwa ukuta na kuchota maji bomba moja, damu ya nguruwe barabarani ingewaumiza majirani wasio na hatia kabla ya kumfikia mbunge hata mmoja. Ishara ya amani haina budi kupimwa mahali inapotendeka.

Mfano wa pili watugusa sisi wahubiri kwa karibu zaidi. Mwaka 2023, wakati wa mjadala wa kodi mpya, Wakenya walianza kumwita Rais William Ruto “Zakayo”, mtoza ushuru wa Yeriko (Lk. 19). Katika maandamano ya Juni 2024 dhidi ya Muswada wa Fedha, vijana walimwimbia wakimtaka Zakayo ashuke, kwa maneno waliyojifunza utotoni katika Shule ya Jumapili. Tarehe 25 Juni waandamanaji waliingia Bungeni, risasi zikapigwa na watu wakafa. Siku iliyofuata Rais alitangaza kwamba hatautia saini muswada huo.

Je, kumwita Rais kwa jina hilo ni kulichezea Neno la Mungu? Wengine wamesema hivyo. Lakini tuisome habari yenyewe. Zakayo wa Luka hakuangushwa kutoka mtini. Aliitwa kwa jina lake, akashuka, akampokea Yesu kwa furaha, akaahidi kurudisha mara nne kila alichodhulumu. Mwenye kumwita mtawala Zakayo, apende asipende, amemwachia mlango wa toba. Amesema: unaweza kushuka, unaweza kurudisha, wokovu unaweza kufika nyumbani mwako pia. Hiki ni kijembe chenye Injili ndani yake, na huenda ni wajibu wa mhubiri kuwaeleza vijana na Rais kwa pamoja mwisho wa hadithi waliyoianza.

5. Urithi wetu kutoka Wittenberg

Sisi Walutheri hatuwezi kuitazama sanaa hii kama watu wa nje. Matengenezo ya Kanisa yalienea kwa mahubiri na vitabu, lakini pia kwa picha zilizochapishwa kwa bei ndogo kwa ajili ya watu wasiojua kusoma. Mwaka 1521 karakana ya Lucas Cranach ilitoa kitabu kidogo chenye picha 26 zilizopangwa mbilimbili. Upande mmoja Kristo anawaosha wanafunzi miguu. Upande wa pili Papa ananyoosha mguu ubusiwe. Upande mmoja taji ya miiba, upande wa pili taji ya dhahabu yenye ngazi tatu. Philipp Melanchthon alisaidia kuchagua maneno ya kuambatana nazo. Hapakuwa na haja ya tusi. Kristo aliwekwa kando ya mwenye cheo, na mtazamaji akaachwa aamue.

Lakini urithi huo una ukurasa wa aibu. Mwaka 1545 Luther alitoa mfululizo mwingine wa picha dhidi ya Upapa, zilizojaa uchafu wa choo, na humo tashtiti iligeuka kuwa matusi matupu. Baya zaidi ni lile lililokuwa ukutani mwa kanisa alimohubiri. Juu ya Kanisa la Mjini la Wittenberg kuna sanamu ya tangu takriban mwaka 1300 inayowaonyesha Wayahudi wakinyonya nguruwe. Mwaka 1543 Luther aliitaja katika maandiko yake makali dhidi ya Wayahudi, akaitumia kuwadhihaki. Wayahudi wa wakati ule hawakuwa watawala wa mtu yeyote; walikuwa watu waliofukuzwa mji hadi mji. Karne nne baadaye Wanazi waliyatumia maandiko hayo ya Luther. Mwaka 1984, katika Mkutano Mkuu wa Budapest, Fungamano la Makanisa ya Kilutheri Ulimwenguni lilishughulikia tamko la kuyakataa, na mwaka 1988 bamba la kumbukumbu liliwekwa chini ya sanamu ile.

Basi nguruwe alichorwa Wittenberg, na nguruwe alipelekwa Nairobi. Kule Nairobi mwananchi alimcheka mbunge wake. Kule Wittenberg Kanisa, likiwa na mji mzima nyuma yake, lilimcheka mgeni asiye na pa kwenda. Mnyama ni mmoja, lakini kicheko cha kwanza kilipanda na cha pili kilishuka. Kicheko kinachoshuka ni sehemu ya mateso.

Luther huyuhuyu anatupa pia kipimo kizuri. Katika ufafanuzi wake wa Zaburi ya 82, wa mwaka 1530, alifundisha kwamba mhubiri anayewakemea watawala hadharani, kwa ujasiri na kwa unyofu, hafanyi uasi. Anatimiza kazi aliyopewa na Mungu. Alichokikataa ni kuwasengenya watawala pembeni, kwa siri, hali mtu ananyamaza mbele yao.

6. Gharama ya kicheko

Mtu aweza kuuliza: kama ni mzaha tu, mbona watawala huogopa? Kwa sababu hofu huhitaji uso mzito. Watu wakishacheka pamoja, kila mmoja hugundua kwamba hakuwa peke yake katika kuona alichokiona.

Ndiyo maana gharama yake imekuwa kubwa. Machi 2017 mwanamuziki Nay wa Mitego, ambaye jina lake limeambatana na Manzese, alikamatwa kwa wimbo uliowakosoa wakubwa. Siku iliyofuata aliachiliwa, na Waziri wa Habari akaeleza kwamba Rais John Magufuli aliupenda wimbo huo. Mei 2020 mchekeshaji Idris Sultan alikamatwa baada ya kusambaza video akiicheka picha ya zamani ya Rais, kisha akashtakiwa kwa kosa linalohusu laini ya simu. Huko Kenya, Desemba 2024, Gideon Kibet, aliyekuwa akichora vivuli vya kumdhihaki Rais, alitekwa Nairobi, akaonekana tena mwezi wa Januari. Machi 2019 Mahakama ya Afrika Mashariki iliamua kwamba vifungu kadhaa vya Sheria ya Huduma za Habari ya Tanzania ya mwaka 2016 vinakiuka Mkataba wa Jumuiya.

Yote haya yanapata uzito mpya baada ya tarehe 29 Oktoba 2025. Siku hiyo ya Uchaguzi Mkuu maandamano yalizuka Dar es Salaam na katika miji mingine. Mali ziliharibiwa, watu walipigwa risasi wakafa, amri ya kutotoka nje usiku ikatangazwa jijini, na intaneti ikazimwa. Zipo familia zilizozika, na zipo zinazotafuta wa kuzika. Mbele ya makaburi hayo kuzungumzia vibonzo kwaweza kuonekana kuwa ni utoto. Lakini fumbo, kibonzo na mchoro ni miongoni mwa milango ambayo uchungu hutokea bila kuua. Anayefunga kila mlango mdogo asishangae ukuta unapobomoka.

7. Vipimo vinne na wajibu wa mchungaji

Kutokana na hayo tuliyoyaona, twaweza kumpa mchungaji wa mtaani vipimo vinne vya kumsaidia anapoulizwa na vijana wa usharika wake.

Kwanza, mwelekeo. Je, dhihaka hii yampandia mwenye nguvu, au yamshukia mnyonge? Kicheko dhidi ya mlemavu, mkimbizi, mwanamke au mtu wa dini nyingine hakiwi upinzani kwa kuandikwa ukutani.

Pili, ukweli. Amri ya Nane, kama Katekisimu Ndogo ya mwaka 1529 inavyoifafanua, hutukataza kumsingizia jirani. Mtawala naye ni jirani. Kibonzo chaweza kukuza pua ya mtu. Hakiwezi kumtwika wizi asioutenda.

Tatu, tendo. Je, mchoro wadhihaki tendo na cheo, au wadhihaki maumbile, kabila na familia? “Vijisenti” lilidhihaki neno alilolisema mtu kwa kinywa chake. Hilo ni halali. Kuwacheka watoto wake si halali.

Nne, mlango. Je, anayechekwa ameachiwa njia ya kushuka mtini? Dhihaka isiyotaka toba yageuka kuwa chuki iliyovaa nguo za sherehe.

Lakini vipimo hivi havitoshi kama mchungaji atavitumia kuwapima wengine tu. Kijana wa Manzese huandika kwa fumbo kwa sababu akisema wazi atakamatwa, au hatasikilizwa. Mchungaji naye aliwekewa mikono ili aseme wazi. Katika Pasaka ya mwaka 2018 maaskofu wa KKKT walitoa waraka uitwao Taifa Letu, Amani Yetu, wakataja kwa majina yake mambo ya uhuru wa maoni, usalama wa raia na Katiba Mpya. Ofisi moja ya Serikali iliandika kutaka waraka huo ufutwe; baadaye waziri aliyehusika aliikana barua hiyo. Walichokifanya maaskofu ndicho alichokiita Luther kazi ya mhubiri.

Kinyume chake ni mahubiri ya mafumbo: mchungaji anayerusha kijembe cha juu juu, washarika wakacheka, na mkuu wa wilaya aliyeketi mbele asiambiwe lolote. Huko ni kuazima lugha ya mnyonge bila kushiriki unyonge wake. Ikiwa ukuta wa nje ya kanisa unasema zaidi kuliko mimbari iliyo ndani, basi jiwe la Habakuki limeanza kulia.

8. Hitimisho

Sura ile ya Habakuki iliyoanza kwa maandishi ya barabarani na kuendelea kwa vijembe haiishii katika kicheko. Katika aya ya 20 Bwana yumo katika hekalu lake takatifu, na dunia yote yaamriwa kunyamaza. Mtawala anyamaze na vitisho vyake, na mchoraji naye anyamaze na rangi yake, kwa maana hukumu ya mwisho si ya mmoja wao. Kicheko ni cha muda. Kazi yake ni kuwakumbusha watu kwamba aliye juu ya kiti si Mungu. Akishakumbukwa Mungu wa kweli, fumbo limemaliza kazi yake.

Basi, ndugu wachungaji nanyi wanafunzi wa theolojia, mpitapo katika mitaa ya sharika zenu, someni kuta. Msiharakishe kuzipaka chokaa. Ulizeni ni jambo gani watu hawa wameshindwa kulisema kwa njia nyingine, kisha Jumapili mlichukue jambo hilo mpaka mimbarini, mkaliseme kwa jina lake.